Aliyerudi na Asiyerudi

Katika filamu ya kwanza iliyotengenezwa Ujerumani baada ya Vita Kuu ya Pili, yumo mtu mmoja mnene, mchangamfu, mwenye mke na watoto, ambaye kazi yake ni kuzigeuza kofia za chuma za askari kuwa sufuria za kupikia. Kofia zile zile zilizovaliwa vitani zaletwa kiwandani mwake, zatengenezwa upya, zatoka vyombo vya jikoni. Na mwenye kiwanda, akiisha kukagua kazi, hukaa akafungua mkate wake uliofungwa katika gazeti lenye habari ya watu waliouawa kwa gesi, akala bila ya kulitazama gazeti. Mtu huyo, alipokuwa kapteni wa jeshi katika Poland, aliamuru, katika mkesha wa Krismasi wa mwaka 1942, watu zaidi ya 100 wa kijiji kimoja wapigwe risasi, wanaume kwa wanawake na watoto wao. Na sasa vita vimekwisha, biashara yake yastawi, na usingizi wake ni mzuri. Jina la filamu hiyo, tukilitia katika lugha yetu, ni Wauaji Wako Miongoni Mwetu.

Lakini watazamaji walipotoka katika jumba la sinema, uso waliotoka nao mioyoni haukuwa wa mwenye kiwanda, bali wa binti wa miaka 20, mwenye macho mapana na wajihi mtulivu, jina lake Hildegard Knef, aliyepewa dhima ya Susanne Wallner, mwanamke anayerudi Berlin kutoka kambi ya mateso na kumkuta daktari mmoja mlevi, aliyerudi vitani na roho iliyovunjika, amekaa katika nyumba yake. Vioo vya madirisha vimevunjika, na mahali pake daktari amebandika picha za eksirei, hata mwanga wa jua waingia chumbani kwa kupitia mbavu za wagonjwa wasiojulikana. Wolfgang Staudte, aliyeiandika na kuiongoza filamu hiyo, alikuwa amebisha hodi kwanza kwa wakuu wa majeshi ya magharibi asipate idhini. Warusi ndio waliomkubalia, nao walimwekea sharti kwamba khatima ya hadithi ibadilishwe, kwa kuwa katika maandiko ya kwanza daktari alimwua yule kapteni kwa mkono wake mwenyewe, na wao waliona kuwa haifai kila mwenye uchungu ajifanye kadhi wa nafsi yake. Basi katika filamu Susanne awahi kumzuia, na mwuaji aachwa hai ili aulizwe. Ilionyeshwa mara ya kwanza tarehe 15 Oktoba 1946, katika Berlin ya magofu.

Huenda msomaji akauliza mtu wa Iringa ana haja gani na mwigizaji wa Kijerumani. Haja anayo. Sisi wa nyanda hizi za juu kusini tuliwajua Wadachi, kama wazee wetu walivyowaita, kabla ulimwengu haujawaona katika sinema. Tarehe 17 Agosti 1891 jeshi la Emil von Zelewski liliangamia pale Lugalo mbele ya mikuki ya Wahehe. Tarehe 30 Oktoba 1894 wakarudi na mizinga, na ngome ya Kalenga ikaanguka. Na tarehe 19 Julai 1898, baada ya miaka ya kuwindwa porini, Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, alijipiga risasi asikamatwe, wakamkata kichwa, na kichwa kikachukuliwa hadi Ujerumani. Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919, uliopanga upya mipaka ya mataifa makubwa na kuhesabu madeni ya mabilioni, una ibara ya 246 ambayo ndani yake limetajwa fuvu la mtu wetu mmoja, kwamba lirudishwe katika muda wa miezi 6. Halikurudi katika miezi 6. Lilirudi mwaka 1954, baada ya Gavana Twining kwenda mwenyewe katika jumba la makumbusho la Bremen na kulitafuta kati ya mafuvu mengi yaliyopangwa rafuni, naye akamkabidhi Chifu Adam Sapi Mkwawa, mjukuu wa marehemu, mbele ya umati pale Kalenga. Miaka 56 ilikuwa imepita. Kwa hiyo neno "kurudi" lina uzito katika nchi hii, na hadithi yoyote ya mtu anayerudi kutoka mikononi mwa Wadachi tunaisikiliza kwa sikio la pekee.

Hildegard Knef alizaliwa Ulm, tarehe 28 Desemba 1925. Baba yake alifariki angali mchanga wa miezi, na mama akamchukua Berlin, ambako alilelewa zaidi na babu yake mzaa mama, mzee aliyempenda kuliko watu wote wa utoto wake. Alipokuwa kijana aliingia katika kampuni ya filamu ya UFA kama mchoraji, kisha akapelekwa kujifunza uigizaji katika chuo chao cha Babelsberg, kando ya Berlin, wakati ambapo sinema yote ya Ujerumani ilikuwa chini ya mkono wa waziri wa propaganda, Joseph Goebbels. Hapo alipendana na Ewald von Demandowsky, mkuu wa uzalishaji katika kampuni ya Tobis, mtu wa chama cha Hitler aliyemzidi umri kwa miaka 19. Na Aprili 1945, Warusi walipouzingira mji, binti huyu alivaa nguo za askari wa kiume, akakaa mahandakini pamoja na mpenzi wake kuilinda dola iliyokuwa ikifa, akatekwa, akafungwa pamoja na wanaume waliotekwa, kisha akatoroka. Demandowsky hakutoroka. Warusi walimwua kwa risasi tarehe 7 Oktoba 1946, yaani siku 8 tu kabla ya usiku ule ambao mpenzi wake wa zamani alionekana katika pazia la sinema, katika sehemu ya mji iliyotawaliwa na Warusi hao hao, akiwa amevaa sura ya mwanamke aliyeteswa na Wanazi.

Nimelikalia jambo hilo kwa muda mrefu. Mtu aweza kusema kuwa ni unafiki, na wako waliosema. Mimi naona ni msiba wa taifa zima uliotiwa katika mwili wa msichana mmoja: kwamba Ujerumani ilipotaka kuwaombolezea waliorudi makambini, haikuwa na uso mwingine wa kuazima ila uso wa mtu aliyekuwa upande wa walinzi wa makambi. Na nampa haki yake kwa jambo hili, kwamba alipoandika habari za maisha yake hakuzificha nguo zile za askari.

Sasa nataka kumleta mtu mwingine, ambaye katika vitabu vingi vya tarikhi ya sinema hayumo, ama yumo kwa mstari mmoja. Katika studio hizo za Berlin, kabla Hildegard hajafika, alikuwapo Mswahili wa Dar es Salaam, mzaliwa wa tarehe 22 Februari 1904, jina lake la kuzaliwa Mahjub bin Adam Mohamed, ambaye Wajerumani walimjua kwa jina la Mohamed Husen. Baba yake alikuwa askari wa jeshi la Kidachi, mwenye asili ya Kisudani. Na vita vya 1914 vilipozuka, mtoto huyu wa miaka 10 aliingia jeshini pamoja na baba yake. Baba alikufa vitani. Mtoto alijeruhiwa, akatekwa na Waingereza, akakua, akawa mtumishi katika meli, na mwaka 1929 akashuka Ujerumani akaenda Berlin kudai mshahara wake na wa baba yake ambao serikali ya Kidachi haikuwalipa. Wizara ilimjibu kuwa amechelewa.

Akabaki huko. Akawa mhudumu katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe pale Potsdamer Platz; na katika chuo kikuu cha Berlin aliwafundisha Kiswahili Wajerumani waliokuwa wakijiandaa kwa siku ambayo, kwa fikira yao, Tanganyika ingerudi mikononi mwao. Na aliigiza. Kati ya mwaka 1934 na 1941 alionekana katika filamu zisizopungua 23, mara nyingi kwa nukta chache, mtumishi anayeleta sinia, bawabu, mpagazi, askari mwaminifu, kwa sababu sinema ya Kinazi ilihitaji mtu mweusi nyuma ya bwana mweupe, na yeye alihitaji kula. Alikuwamo katika filamu ya mwaka 1934 juu ya wapanda farasi wa Afrika ya Mashariki ya Kijerumani, na kazi yake ya mwisho ilikuwa katika filamu ya mwaka 1941 ya kumtukuza Carl Peters, mtu ambaye wazee wetu walimpa jina la Mkono wa Damu, na ambaye serikali ya Kidachi yenyewe ilimfukuza kazi kwa ukatili wake pale Kilimanjaro. Mwalimu wa Kiswahili alisimama mbele ya kamera akimtumikia Mkono wa Damu. Mwaka huo huo Gestapo walimkamata kwa kosa la kupendana na mwanamke wa Kijerumani, kosa walilolipa jina la kuchafua damu, wakampeleka kambi ya Sachsenhausen, kaskazini ya Berlin, bila ya kufikishwa mbele ya hakimu. Alikaa humo miaka mitatu. Alifariki tarehe 24 Novemba 1944.

Ndiyo maana siwezi kumtazama Susanne Wallner akishuka katika garimoshi bila ya kumfikiri yeye. Julai iliyopita, katika baridi ile ya Iringa ambayo hata mwenye shuka mbili huilalamikia, niliifunga shuka nyeupe ukutani pa sebule yangu, nikawaonyesha majirani filamu hiyo, nikiwafasiria kwa kadiri ya Kidachi nilichojaliwa kujifunza. Alikuwapo mzee mmoja wa Kalenga, mtu wa makamo ya babu yangu mdogo, aliyekuja kumtazama binti yake mjini, akakaa karibu na jiko mahali chai ya Mufindi ilipokuwa ikichemka. Susanne alipotokea, uso umeoshwa, nywele zimechanwa, koti la mvua limefungwa vizuri kiunoni, mzee aliinua mkono kunisimamisha.

"Mwalimu," alisema, "huyu unasema katoka kifungoni?"

"Ndiyo, baba. Kambini."

"Hapana. Mtu wa kifungoni hawi na mashavu haya."

Wakosoaji wa sinema wameandika neno hilo hilo kwa kurasa nyingi: kwamba Susanne ni mzima mno, safi mno, kwamba Wajerumani wa mwaka 1946 walitaka mwathiriwa asiyewaogopesha, atakayerudi, asiulize kitu, ashike ufagio aanze kusafisha nyumba. Na kweli ndivyo afanyavyo. Filamu haielezi barabara alifungwa kwa nini, wala haituonyeshi hata siku moja ya kifungo chake. Uchungu wote umepewa daktari, mwanamume aliyekuwa jeshini, na yeye mwanamke amepewa kazi ya kumponya. Hili ndilo kosa la filamu ile, na nalisema pamoja na kuistahi, kwa kuwa ni filamu ya ushujaa, ambayo katika mji wenye njaa ilithubutu kumnyoshea kidole mwenye kiwanda cha sufuria.

Filamu hiyo ilimfanya Hildegard kuwa uso wa Ujerumani mpya. Mwaka 1948 aliigiza katika Filamu Isiyo na Jina, akapata tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la Locarno, na gazeti la Stern lilipotoa toleo lake la kwanza kabisa Agosti ya mwaka huo, picha ya jaladani ilikuwa yake. Marekani ikamwita. Tajiri wa sinema David O. Selznick alimpa mkataba, kisha akamtaka abadilishe jina na aseme kuwa yeye ni mtu wa Austria, kwa kuwa jina la Mjerumani lilikuwa halinunuliki. Alikataa. Akakaa Hollywood akilipwa bila ya kupewa kazi, hata akarudi kwao.

Huko kwao ndiko dhoruba ilikomkuta. Januari 1951 ilitoka filamu ya Willi Forst iitwayo Mwanamke Mwenye Dhambi, ambayo ndani yake Hildegard ni kahaba anayempenda mchoraji mwenye uvimbe katika ubongo. Kwa nukta chache aonekana mtupu, kwa mbali, akichorwa. Na mwisho wa hadithi mchoraji asaidiwa kufa na mwanamke ajiua. Kanisa Katoliki lilitetemeka. Kardinali Frings wa Cologne aliwaonya waumini wasiingie, maandamano yakajaa njiani, mabomu ya harufu mbaya yakatupwa ndani ya majumba ya sinema, miji kadhaa ikaipiga marufuku. Na watu takriban milioni 7 wakaenda kuitazama. Kesi iliyotokana na marufuku hayo ilifika mahakama kuu ya utawala ya nchi hiyo, ikaamuliwa mwaka 1954 kwamba filamu ni sanaa na sanaa yalindwa na katiba. Sisi tuliozaliwa katika malezi ya haya twaweza kufahamu fadhaa ya waumini wale. Lakini Hildegard mwenyewe alisema baadaye neno ambalo nashindwa kulijibu, kwamba ni ajabu kwa taifa lililokuwa na Auschwitz miaka 6 tu iliyopita kupiga kelele namna hiyo kwa ajili ya mwili wa mwanamke. Walikuwa wapi waliotupa mabomu ya harufu walipokuwa wakipelekwa watu Sachsenhausen?

Akarudi Marekani, na safari hii kazi ilipatikana. Nako ndiko njia yake na nchi yetu zilikopishana, japo kwa jina tu. Mwaka 1952 ilitoka filamu ya Theluji ya Kilimanjaro, iliyoongozwa na Henry King kutokana na hadithi fupi ya Ernest Hemingway ya mwaka 1936, nayo ina Gregory Peck, Susan Hayward, Ava Gardner, na Hildegard Knef katika dhima ya Kontesa Liz. Mwindaji ambaye mguu wake waoza alala chini ya hema, mlima uko mbele yake, tai wanangoja, naye awakumbuka wanawake wa maisha yake; mmoja wao ni Liz, ambaye mambo yake ni ya pwani ya Ufaransa na wala hayafiki Afrika, na ambaye katika filamu hiyo aimba nyimbo za Cole Porter kwa sauti nene yenye mikwaruzo. Katika hadithi ya Hemingway mwindaji afa. Katika filamu apona, kwa kuwa wenye fedha hawapendi kuzika mtu waliyemlipa. Nasikitika kila nikiitazama. Mlima mkubwa kuliko yote ya Afrika, wenye Wachaga na migomba na mifereji yao ya karne na karne, umefanywa pazia la nyuma la majuto ya mgeni mmoja. Na Wachaga, kama Mohamed Husen katika filamu za Berlin, wamebaki kuwa vivuli vya kuleta maji.

Nyimbo zile za Cole Porter zilimfungulia mlango mkubwa zaidi. Mwaka 1955 Porter alimpa nafasi ya kwanza katika mchezo wake wa kuimba, Soksi za Hariri, uliochezwa mara 478 katika Broadway. Na hapo Mjerumani aliyekataa kujiita Mwaustria alishangiliwa New York usiku baada ya usiku, ila kwa tahajia iliyolainishwa, Hildegarde Neff. Sinema zilipomchoka, katika miaka ya 1960, aligeuka mwimbaji na mtungaji wa mashairi ya nyimbo zake, na wimbo wake wa mwaka 1968 wa kuomba mvua ya mawaridi mekundu waimbwa Ujerumani hata leo. Mwaka 1970 alitoa kitabu cha maisha yake, Farasi wa Zawadi, kikauzwa katika nchi nyingi. Mwaka 1975 akatoa cha pili, Hukumu, juu ya ugonjwa wa saratani uliompata, wakati ambapo wagonjwa wengi walilificha hata jina lake. Alifariki Berlin, tarehe 1 Februari 2002.

Filamu yetu ilipokwisha usiku ule, na majirani wakaanza kutafuta viatu vyao mlangoni, mzee wa Kalenga hakuondoka. Alikuwa akiitazama sufuria ya chai, tupu sasa, iliyobaki juu ya makaa.

"Mwalimu," aliuliza, "katika makambi yale, wa kwetu hawakuwamo?"

Nikamweleza habari za Mohamed Husen, tangu Dar es Salaam hadi Sachsenhausen, mshahara usiolipwa, Kiswahili alichofundisha, sinia alizobeba katika filamu. Alisikiliza kimya, mikono juu ya mkongojo. Nilipomaliza aliuliza lile ambalo mtu wa Kalenga angeuliza.

"Na kichwa chake kimerudi?"

"Hakikurudi, baba. Hakuna kilichorudi. Lakini mwaka 2007 waliweka jiwe la ukumbusho Berlin, mtaa wa Brunnenstraße, mbele ya nyumba aliyokaa. Lina bamba la shaba, na jina lake limechongwa juu yake. Limetiwa njiani, chini, watu wapitapo."

"Kubwa kiasi gani?"

Nikampimia kwa vidole juu ya meza: nusu shibiri kwa nusu shibiri. Akainama akapaangalia pale mezani, mahali vidole vyangu vilipokuwa, kwa muda.